Mvua ya Kwao Ndani ya Sosho

Latha aliponiambia mama yake amefariki, neno la kwanza lililonitoka lilikuwa, "Una uhakika?" Mtu mzima haulizi hivyo. Ukipigiwa simu kutoka ng'ambo na mtu ambaye sauti imemkauka kwa kulia, unasema pole, unasema Mungu amlaze mahali pema, unauliza mazishi ni lini. Mimi nikauliza kama ana uhakika, nimesimama katikati ya sebule yangu hapa mtaa wa Fedha, mwiko mkononi, sima inaungua jikoni. Na Latha, badala ya kukasirika, akaangua kicheko huko aliko Kerala, kicheko cha mtu ambaye hajacheka siku nyingi. "Nilijua utauliza, Aunti Mbithe," akasema. "Nimewaambia watu wote hapa, kuna mama mmoja Nairobi, huyo lazima ataniuliza kama nina uhakika." Kisha tukalia wote wawili, kila mtu upande wake wa bahari. Nilikuwa na sababu ya kuuliza. Mimi ndiye niliyewahi kumfanyia mtu matanga mbele ya mtaa mzima, wanaume wamevua kofia, kina mama wanaimba, na mtu mwenyewe yu hai bin hai anatafuna. Mama yake Latha, Mwalimu Ammini, alikuwa ameketi kando yangu siku hiyo, na maisha yake yote hakuniacha niisahau.

Ya nyumbani kwetu nayaruka, kila mtu ana kwao na vituko vya kwao. Mwaka ninaousema nilikuwa na miaka kumi na tisa, nimemaliza kidato cha nne, na mchana nilikuwa nashona mishikio ya ngozi kwenye vyondo, vile vikapu vya mkonge, pale soko la Kariokor. Ni mwaka ule watoto wa shule za msingi walipoanza kupewa maziwa ya pakiti, zile pakiti za pembetatu, na ukiikuta tupu njiani unaikanyaga ili ipasuke kwa kishindo. Lakini mimi sikuishi kwa ajili ya vyondo wala maziwa. Niliishi kwa ajili ya Jumapili, na Jumapili ilikuwa Sosho. Ndivyo tulivyouita ukumbi wa mtaa wetu kando ya Jogoo Road, jengo refu la mawe lenye mabenchi ya mbao na madirisha ambayo Jumapili mchana yalizibwa kwa blanketi za kuazimwa ili giza liingie. Watu walikuja moja kwa moja kutoka kanisani, na viatu vya kanisani, wakaketi wakibana magoti, na mtu akichelewa alisimama ukutani. Projekta ilikuwa mezani katikati, inanguruma kama cherehani. Picha zilikuwa za karate au za Kihindi, na hakuna aliyejua Kichina wala Kihindi, kwa hiyo kando ya kitambaa cheupe cha kuonyeshea picha alisimama mfasiri na maiki.

Mfasiri wetu alikuwa Kamaa. Wacha niwaambie kuhusu Kamaa! Hakujua lugha yoyote ya zile sinema, na hakuna aliyejali. Jambazi yeyote kwenye picha alimpa jina la karani anayetukusanyia kodi ya nyumba, na jambazi akipigwa teke mtaa mzima ulisimama kushangilia. Mapenzi yakianza alisema, "Hapa wanasalimiana tu, wazee tulieni." Mambo yakimchanganya, mtu aliyekufa akaonekana tena, Kamaa alisema bila haya, "Huyo ni pacha wake." Nilimsikiliza nikiwa nimeumwa na wivu. Niseme waziwazi, niliitaka ile maiki kuliko nilivyotaka kazi, kuliko nilivyotaka mchumba. Usiku nilijifasiria kimoyomoyo, mchana sokoni niliwafasiria wenzangu watalii waliokuwa wakibishania bei, tukacheka mpaka sindano zikaanguka. Nilikwenda mara mbili kumwomba mwenyekiti wa ukumbi, Mzee Ndambuki, aliyekuwa dereva wa lori kabla mgongo haujamkataa, na mara zote mbili alinijibu bila hata kuinua macho kutoka kwenye redio yake. "Msichana ashike maiki awaambie watu nini? Sauti ya mwanamke kwenye spika ni ya matangazo ya sabuni."

Jioni nikitoka Kariokor nilipitia Majengo kwa Bi Zuhura, aliyeuza vitumbua na mbaazi za nazi barazani kwake, nikachukua nazi mbili tatu za Mwalimu Ammini na kumpelekea. Mwalimu alinifundisha hesabu miaka minne, na nilipomaliza shule hatukuachana. Aliishi kwenye nyumba za walimu nyuma ya ua wa shule, vyumba viwili, na Latha wake ambaye alikuwa mdogo bado. Mumewe alifundisha Ukambani na alikuja mwisho wa mwezi. Ukutani palikuwa na picha ya Bikira Maria na kalenda yenye maandishi ya mviringo ambayo nilidhani ni mapambo mpaka aliponiambia ni lugha yao, Kimalayalam. Jikoni mlikuwa na harufu ya nazi, majani ya mchuzi na samaki wa Gikomba, na mwalimu wangu wa hesabu, mwanamke aliyetutetemesha kwa chaki, alikuwa ameketi kwenye mbuzi sakafuni, magoti huku na huku, anakuna nazi na kuongea. Mtaani watu walimwita Mhindi, na yeye alichoka kueleza. "Mimi si Mhindi ya duka," aliniambia kwa Kiswahili alichojifunza sokoni. "Bombay iko mbali na kwetu kama wewe na Misri. Kwetu iko mvua, iko nazi, iko watu wabishi."

Wabishi kweli. Mwisho wa mwezi walimu wenzake wa kwao walikuja kula, wakaketi kwenye kile chumba kidogo hadi kwenye kitanda, na mimi nikipita na sahani za wali na mchuzi wa samaki wenye ukwaju nilidhani watashikana mashati. Wanaume wazima walikuwa wanapiga meza. Nikamuuliza Mwalimu, ni siasa? Akacheka. Walikuwa wanabishana juu ya sinema. Mmoja alikuwa amepandwa na hasira kwa sababu katika picha fulani mwigizaji aliyecheza mkulima aliwekewa jani la ndizi mbele yake ale, na ncha ya jani ikaelekezwa kulia. Kulia! Kwao ncha hukaa kushoto kwa mlaji, hata mtoto anajua. "Huyo mwigizaji alilelewa wapi?" bwana yule alikuwa anauliza, mchuzi unamtiririka mkononi. Mwalimu akanieleza kwamba kwao mtu haendi sinema kusahau shida zake, anakwenda kukagua. Nyumba iwe nyumba wanayoijua, mvua inyeshe kama inavyonyesha, mama wa jikoni aongee kama mama wa jikoni, na hadithi nyingi zilitoka kwenye vitabu ambavyo mtazamaji alikwisha kuvisoma, mpaka wauza chai walikuwa na maoni. Mimi niliyelelewa na Kamaa na pacha wake nilisimama na sahani mkononi nimeduwaa. Sinema ya kukaguliwa! Nilitaka kuiona siku hiyohiyo.

Bahati ilikuja na tetekuwanga. Chama cha watu wa kwao kiliazima sinema kutoka nyumbani kwa ajili ya sikukuu yao, na siku ya kuonyeshwa Latha akawa amejaa vipele kutoka utosini hadi kisiginoni. Mwalimu akabaki nyumbani kumpaka dawa. Nilimkuta amenuna kama mtoto mwenyewe. Ile hadithi aliisoma kitabuni akiwa msichana, aliijua kurasa kwa kurasa, na miaka mingi alikuwa hajaiona nyumba ya kwao hata kwenye picha, na sasa rili zilikuwa zinarudishwa wiki moja baadaye. Mimi sikufikiri hata kidogo. Nikasema, "Sosho kuna projekta." Akaniangalia. Kesho yake alivaa sari yake ya mikutano ya wazazi, akaenda mwenyewe kwa Mzee Ndambuki, mimi nikimfuata, na Mzee, ambaye binti zake wawili walifundishwa na huyu mama, hakuweza kumkatalia. Akamwita Kamaa. Kamaa akauliza kuna ngumi ngapi. Mwalimu akasema hakuna. Kuna bunduki? Hakuna. Wanacheza dansi kuzunguka miti? "Kuna nyanya mmoja," Mwalimu akasema, "na mjukuu wake, na nyumba." Kamaa akafunga zipu ya jaketi lake. "Mwalimu, nakuheshimu, lakini picha bila ngumi ni ugali mtupu. Hiyo siwezi kumeza."

Basi ndipo Mwalimu akasema jina langu. Mzee alizima redio, jambo ambalo sijawahi kumwona akifanya, akanitazama kwa mara ya kwanza. "Sikiliza, Mbithe. Jumapili moja tu. Ukiweza, tutaongea. Ukiharibu, usinijie tena na maneno ya maiki, na msichana yeyote wa mtaa huu asinijie, maana nitamwambia Mbithe alijaribu." Nilitoka pale nikikimbia, na sikuwa na mahali pa kwenda, nikakimbia tu hadi kituo cha basi na kurudi.

Wiki ile yote nilikula kwa Mwalimu. Alikuna nazi na kusimulia, nami nilichambua mchele na kushika. Nyanya amemlea mjukuu wake, Devi, katika nyumba kubwa ya zamani ambayo watu wote wamehama. Anaomba Mungu jambo moja tu, amwone Devi ameolewa kabla ya kufa. Mvua kubwa inakuja, mto unafurika, nyanya anaugua, na mvua inapokoma anakufa kabla ya arusi. Kijiji kizima kinakuja kumzika. "Hapo ndipo watu hulia," Mwalimu alisema, "na wewe utasema polepole, usiwe kama Kamaa." Nikamuuliza, na kama wenye sinema wamebadilisha? Akaacha kukuna. Aliniangalia kama alivyokuwa akiniangalia nikisema mbili mara tatu ni tano. "Kwetu mtu abadilishe kitabu kama hicho? Watu wataandamana!" Sikuuliza tena. Tulipatana kwamba siku yenyewe ataketi kwenye kistuli karibu yangu, aninong'oneze maneno ya waigizaji, mimi niyaseme kwa maiki.

Jumapili ikafika. Jamani, ile Jumapili! Sosho ilijaa mpaka watoto wakapakatwa wawiliwawili. Nusu walikuja kuona msichana akiaibika, na hao walikuwa na Kamaa benchi la mbele, miguu imenyooshwa. Bi Zuhura alikuja kutoka Majengo na wenzake watano, leso na buibui, kwa sababu nilimwambia kuna sinema ya watu wanaopika kwa nazi na alitaka kuona kwa macho yake. Nyuma walikaa kina mama wa kanisa, Wakamba na Wakikuyu, wenye sauti za kwaya. Mzee Ndambuki aliketi kwenye kiti chake chenye mkono mmoja. Mimi nilivaa gauni la kitenge nililoshonewa kwa ajili ya arusi ya binamu, nikashika maiki kwa mikono miwili. Blanketi zikashushwa, na picha ikaanza. Haikuwa ya rangi. Ilikuwa mvua. Mvua juu ya vigae, mvua juu ya migomba, mvua kwenye ua, mvua, mvua, na hakuna mtu hata mmoja. Nikamngoja Mwalimu aninong'oneze. Kimya. Nikamvuta sari. Nikainama kumtazama, na mwanga wa projekta ukanionyesha mwalimu wangu amefumbata mikono kifuani, mdomo wazi, machozi yanamtiririka hata hayafuti. Alikuwa hayupo Jogoo Road. Nilijua papo hapo kwamba sina mnong'onezi.

"Hii," nikasema kwa maiki, "ni mvua." Ukumbi ukalipuka kwa kicheko. "Tunaona!" "Asante kwa habari!" Kamaa akauliza kwa sauti, "Ngumi ya kwanza saa ngapi?" Masikio yalinichemka. Lakini picha ikaingia jikoni, na hapo jikoni alikuwa nyanya, mdogo, mkavu, kitambaa cheupe kiunoni, anavuta kitu kutoka pembeni, anakikalia, anashika kifuu na kuanza kukuna. Bi Zuhura akasimama wima. "Mbuzi! Wallahi ile ni mbuzi! Angalieni anavyoikalia!" Wenzake wakasimama naye. "Kaa upande kidogo, mama, utachoka mgongo," mmoja akamshauri nyanya wa kwenye picha. Wakamba waliokuwa nyuma wakataka kujua mbuzi gani huyo asiye na miguu, na Bi Zuhura akawageukia kuwafundisha, na mimi nikapata pumzi. Nikaacha kungoja maneno. Nikaanza kusema niliyoyajua kutoka jikoni kwa Mwalimu na niliyoyaona kwa macho yangu. Nyanya huyu amelea mjukuu, nikasema, na mwoneni anavyompimia chumvi kwa kiganja na si kijiko, na sasa anamwambia acha kucheka hovyo, watu wa mchumba wakikusikia watadhani kwetu hatuna adabu. Kina mama wakasema, "Mmh, kweli." Jirani akaja kuazima moto na akakaa kusengenya, nikamfasiria mpaka ukumbi wote ukamchukia. Hakuna aliyeuliza ngumi tena. Kamaa mwenyewe alikuwa amekunja miguu.

Mvua ikakoma, nyanya akakohoa na kulala chini ya shuka, na mimi nikajua saa ya kitabu imefika. Picha iliyofuata ilikuwa alfajiri. Wanawake wanaoga kwenye bwawa, nywele zimelowa. Ua umefagiliwa. Watu wanaingia kwa makundi, wote kwa nguo nyeupe, wanaume vifua wazi na shuka nyeupe viunoni. Taa ya mafuta inawaka mchana kweupe, maua yametawanywa chini, na katikati ameketi Devi kwa nguo nyeupe, ameinamisha kichwa, analia. Nyanya haonekani popote. Sasa niambieni, nyinyi mngesema nini? Sisi kwetu nguo nyeupe ama ni shela la kanisani ama ni sanda, na shela halikuwepo. Nikateremsha sauti kama nilivyofundishwa. "Ndugu zangu," nikasema, "yule nyanya ametuacha. Kijiji kimekuja kumsindikiza. Tusimame." Na Sosho yote ikasimama! Mabenchi yalikwaruza, kofia zikavuliwa. Bi Zuhura na wenzake wakasema, "Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun." Kina mama wa kanisa wakaanzisha wimbo wa mazishi, kwa sauti nne, mpaka nywele zikanisimama. Na Mzee Ndambuki akapiga hatua mbele, akafumba macho, akanyoosha mikono na kumwombea marehemu kwa Kikamba, sala ndefu, akataja hata kwamba alikuwa mama mwenye bidii jikoni. Mimi nilikuwa nalia kwa furaha. Nimeweza, nikajiambia. Maiki ni yangu.

Mzee alikuwa bado hajafika Amina. Kwenye kitambaa waliweka jani la ndizi, wakatandaza majani safu nzima, watu wakaketi kula, na kamera ikasogea polepole kutoka jani hadi jani, ikamfikia mtu wa mwisho, na mtu wa mwisho alikuwa nyanya. Mzima! Ameegemea mto wa kitandani, anatabasamu, anatafuna tambuu. Wimbo ukakatika katikati ya neno. "Aiya!" akasema mama mmoja. "Ngai! Si tumemwimbia huyu?" Bi Zuhura akainua kidole. "Marehemu anakula tambuu!" Mzee Ndambuki akafumbua macho, akamwona yule aliyekuwa akimkabidhi mbinguni, akanigeukia mimi. Sijawahi kuangaliwa hivyo. Na Kamaa, Mungu ambariki, alinihurumia. Aliinama mbele akaninong'oneza, "Sema ni pacha! Sema pacha wake, haraka!"

Na ningesema. Neno lilikuwa kwenye ncha ya ulimi, na Sosho ingelimeza kama ilivyomeza mapacha wote wa Kamaa. Lakini nilimtazama yule nyanya, mwanamke niliyesimuliwa wiki nzima nikichambua mchele, ambaye watu walikuwa wamemshauri akae vizuri kwenye mbuzi, nikaona siwezi kumfanya pacha. Nikasema, "Jamani, nimewazikisha mtu mzima. Nimekosea mimi. Hii ni arusi." Fundi wa projekta, ambaye kila nikisema aliteremsha sauti ya sinema kwa sababu spika ilikuwa moja, alichanganyikiwa akaipandisha hadi mwisho, na ukumbini kikalia chombo kirefu, chembamba, kinapasua masikio. Bi Zuhura akaruka kama msichana. "Zumari! Ile ni zumari! Zumari hailii matangani, ni arusi, wallahi ni arusi!" Akapiga kigelegele ambacho nadhani kilisikika Pumwani. Wenzake wakamjibu. Kina mama wa Kikuyu wakapokea kwa ngemi zao, Wakamba wakaanza wimbo wa kumtoa bibi arusi, watoto wakapanda juu ya mabenchi, na wanaume waliovua kofia kwa huzuni wakazirusha juu. Tulimwoza Devi. Nawaambieni, tulimwoza yule msichana kwa lugha nne, na kando yangu Mwalimu Ammini alikuwa amezinduka, anacheka na kulia pamoja, amekunja ngumi kuelekea kitambaa. "Wamebadilisha kitabu!" alikuwa anapiga kelele. "Hii haiko! Arusi haiko! Nitawaandikia gazetini!"

Nikaendelea, sauti imekwaruza. Devi akaondoka na mumewe, miavuli ya majani ikamsindikiza njia nzima, maana mvua ilirudi, na nyanya akabaki peke yake. Alipika. Alipima mchele wa watu wawili, akakumbuka, akarudisha nusu kwenye mtungi. Aliketi mlangoni akiangalia maji yakidondoka kutoka kwenye vigae, mkono umeshika kikebe cha tambuu. Mvua ikaendelea kudondoka, na mkono ukalegea. Hakuna aliyelia pale kwenye picha, hakuna nguo nyeupe wala taa. Mtu mmoja nyuma yangu akasema, "Mbithe, sema. Amelala ama?" Nilikuwa na maiki mdomoni na sikusema. Baada ya yaliyopita nani angeniamini? Halafu nikasikia sauti ya Mzee Ndambuki gizani. "Mwacheni. Tumeona." Na tukaketi hivyo, mtaa mzima, tukisikiliza mvua ya watu wengine hadi rili ikaisha na kuanza kupiga tap, tap, tap.

Blanketi zilipoondolewa madirishani jua la alasiri lilituumiza macho. Watu walitoka wakipiga domo juu ya majani, juu ya mbuzi, juu ya jirani msengenyaji, na kina mama wawili walibishana mlangoni kama nyanya alistahili kumwacha Devi aende mbali vile. Walikuwa wanakagua! Mimi sikuthubutu kutoka. Mzee Ndambuki alinijia akiburuta mguu. "Umenifanya nimwombee mtu aliye hai," akasema. "Mbele ya watu wa kanisa." Nikasema, "Ndiyo, Mzee. Nisamehe." Akatikisa kichwa muda mrefu, akitazama kile kitambaa kitupu. "Basi, alipokufa kweli sikuwa na la kusema. Sala yangu ilikuwa imeshatangulia." Akainama, akachomoa waya wa maiki, akauzungusha taratibu kwenye kiwiko chake kama mtu anayekunja kamba ya lori. Maiki haikulala ukumbini kwa sababu ya wezi, ililala nyumbani kwa mfasiri, miaka yote ilikuwa chini ya kitanda cha Kamaa. Mzee akaniwekea mikononi na waya wake wote. "Jumapili ya kwanza wewe, ya pili Kamaa. Na usiiweke karibu na moto."

Nilitoka nimeikumbatia kama mtoto mchanga, na Kamaa akanifungulia mlango, jambo ambalo hakuwahi kumfanyia mtu. Nilitaka kukimbia, nilitaka kupiga kelele, lakini Mwalimu Ammini alikuwa ananisubiri nje, macho yamevimba, sari imelowa begani. Tukatembea kuelekea shuleni. Tulipofika kwenye ua akasimama, akashika mkono wangu ulioshika maiki.

"Mbithe," akasema, "nyanya alikufa vipi? Mimi nililia tangu mvua ya kwanza, mwisho sikuona kitu. Wewe uliona yote. Niambie polepole, na usiache kitu."

Nikaanza na ule mchele wa watu wawili.